Leland Hruza na Jaribio la Tano

Padre, ndugu, majirani, na ninyi vijana wa timu mliokuja na jezi zenu kabla ya mechi ya mchana huu, kwa niaba ya mama yetu Arlys, mimi Lorna, mtoto wake wa kwanza, nimepewa kazi ya kuwasomea maisha ya baba, na nawaomba mnivumilie, kwa sababu kuna mahali nimeandika na kufuta mara nyingi na bado sijaelewa.

Leland Emil Hruza alizaliwa tarehe 7 Februari 1945, katika shamba la wazazi wake kaskazini mwa Plum Fork, Nebraska, ingawa kitabu cha ubatizo kinasema tarehe 8, akasoma hapa hapa mjini, na mwaka 1963 akajiunga na Chuo cha Mtakatifu Ludmila, alikocheza mpira miaka minne na kuvunjika pua mara mbili. Tangu 1967 hadi alipostaafu mwaka 2010 alifanya kazi katika ghala la nafaka la ushirika. Tarehe 14 Juni 1969 alifunga ndoa na Arlys Kment katika kanisa hili, wakajaliwa watoto wawili, mimi mwaka 1970 na Duane mwaka 1973.

Septemba 1981 chuo kilimkabidhi mti wa namba, na kwa wageni msiofuata mpira wetu huu wa kukimbia nao mkononi, timu hupewa majaribio manne ya kusonga yadi kumi, ikizipata huanza tena la kwanza, ikishindwa hupoteza mpira, na mwenye mti husimama pembeni akionyesha ni jaribio la ngapi. Baba aliushika misimu thelathini na tisa, na ili asikosee alivaa mpira wa kufungia noti kidoleni, kidole cha shahada kwa jaribio la kwanza, cha kati kwa la pili, na kuendelea hivyo hadi kidole kidogo kwa la nne, la mwisho. Hata kanisani tulimwona akiuhamisha padre alipohubiri sana.

Sasa nafika msimu wa 2019. Timu ilikuwa haijashinda hata mechi moja kwa miaka miwili, wakubwa wa chuo wakatangaza kwamba isiposhinda msimu huo itafutwa, na baba aliacha kula vizuri tangu Septemba. Tulifungwa mechi tisa. Tarehe 16 Novemba, mechi ya mwisho, Chuo cha Tarlow kilikuwa mbele kumi na saba kwa kumi na tatu, dakika ya mwisho, uwanja mzima umesimama unapiga kelele, na baada ya jaribio la pili namba kwenye mti wa baba haikugeuka. Waamuzi waliutazama mti, wakachezesha la pili kwa mara nyingine, na katika jaribio lililoitwa la nne, ambalo kwa haki lilikuwa la tano, tulivuka mstari na kushinda. Watu wazima walilia, mimi pia nililia.

Kesho yake Duane alileta video, tukahesabu majaribio mezani, tukarudia, yakawa matano. Video haikusaidia zaidi ya hapo, maana baba alikuwa amevaa glavu, na mpira wa kidoleni haukuonekana. Nilimuuliza, "Baba, ulipitiwa, au ulifanya kusudi?" Alikoroga kahawa yake, akasema, "Mti ulisema la pili, Lorna. Basi lilikuwa la pili." Mama akasema tumwache ale. Matokeo hayakubadilishwa, timu ikabaki, baba akaurudisha mti chuoni asiushike tena, na wenzake wa zamani kule ghalani wakawa wanamwita Bwana Tano, naye hakucheka wala hakukasirika.

Tarehe 20 Mei 2021, huko Lincoln, daktari alitueleza kwamba baba ana ugonjwa wa kusahau, na kwamba huenda ulianza miaka miwili nyuma. Nakiri kwamba nilifurahi, nikaona aibu kufurahi, lakini nilikuwa nimepata jibu.

Jibu hilo nilikuwa nalo hadi Jumamosi iliyopita, tarehe 5 Oktoba. Baba alikuwa hajui jina langu tangu Pasaka, na hata mama, baba alimwita tu "yule bibi wa kahawa." Duane alifungua redio tusikilize mechi, mama akamvisha mpira wake kidoleni, na baba, macho yamefumbwa, akawa anauhamisha kila jaribio, na kuurudisha mwanzo kila tulipopata yadi kumi. Nilihesabu naye kipindi kizima, hakukosea hata mara moja. Alifariki Jumatano, tarehe 9 Oktoba 2024. Daktari anasema vidole hukumbuka kilichosahauliwa na kichwa, huenda ni kweli, lakini mimi sijui leo namzika mtu mwaminifu aliyepitiwa mara moja, au mtu aliyewadhulumu wenzake mara moja kwa ajili yetu, na nampenda hivyo hivyo, jambo linalonichanganya zaidi.

Tunawashukuru madaktari, wauguzi waliomlisha, majirani waliotuondolea theluji na kutuletea kolache, yale maandazi yetu ya matunda, wenzake wa ghalani, na kwa namna ya pekee kocha wa Tarlow, aliyeketi pale safu ya tatu, ambaye amempa mama mkono na hakuuliza chochote.

Asubuhi hii mama amemvisha baba mpira wake kwenye kidole kidogo, akakataza mtu yeyote asiuguse. Pumzika kwa amani, Baba, hili ni la nne, na safari hii mama ndiye aliyehesabu.