Bi Zakiya na Kasha la Hadithi za Kijapani

Bi Zakiya binti Humam anastaafu tarehe 30 Juni, baada ya kuitumikia maktaba yetu ya watoto hapa Bawshar kwa miaka ishirini na mitano. Anasema anakwenda kupumzika. Sisi tunaomjua hatusadiki.

Alianza kwa kupanga vitabu. Kisha mgeni mmoja wa Kijapani, alipokuwa akirejea kwao, akamwachia kasha la mbao lenye milango midogo, pamoja na picha za kuchomeka ndani yake. Zamani huko kwao wasimuliaji walizunguka mitaani na makasha hayo juu ya baiskeli. Wakigonga vijiti viwili, watoto hukusanyika kununua peremende na kusikiliza. Kabla ya kuondoka alimfundisha herufi za mwanzo za Kijapani. Zilizobaki Bi Zakiya alijifunza mwenyewe, kwa miaka. Kila Alkhamisi aligonga vijiti kama hivyo mlangoni, na watoto waliokuwa wameganda kwenye katuni za simu wakaja mbio. Peremende hakuuza. Aligawa halua, na zulia letu linanata mpaka leo.

Lakini maneno ya hadithi huandikwa nyuma ya picha, upande wa msimuliaji, na kisichoonekana huzaa shaka. Baba mmoja, Bwana Asaad, alimjia juu: "Bibi, katuni za hawa watu zimejaa mashetani. Huko nyuma unawasomea watoto wetu yaliyoandikwa, au unawapikia yako?"

"Mlete anayejua kusoma, mwanangu," akajibu.

Wazazi wakakutana, ikaamuliwa kwamba likionekana kosa, saa ya hadithi ifungwe.

Akaletwa Mhandisi Saud, aliyesomea Osaka, huko Japani. Aligeuza picha ya bibi kizee, akakuta nyuma yake habari za kunguru. Akageuza ya kunguru, akakuta mzee na mtungi. Hakuna picha hata moja iliyolingana na maneno yake. Wazazi wakatazamana.

Saud mwenyewe ndiye aliyegundua sababu, alipozirudisha picha kashani na kuanza kuzichomoa mojamoja. Picha ya mbele ikichomolewa huwekwa nyuma kabisa, mbele ya macho ya msimuliaji. Kwa hiyo maneno yaliyo mgongoni mwake ni ya picha inayofuata, ambayo watoto ndiyo kwanza wanaiona.

Bwana Asaad hakutosheka. Alitaka zisomwe zote upya, kwa mpango huo. Na kosa likapatikana: maandishi yalisema kwamba ndani ya mtungi mlikuwa na pombe. Watoto wote walijua kwamba mzee yule alikunywa kahawa, akala na tende.

"Kahawa hii umeitoa wapi?" Bwana Asaad akamuuliza.

"Kwangu. Mgeni akiingia kwangu hapewi pombe, hata akiwa ndani ya picha."

Bwana Asaad akauliza Alkhamisi hadithi huanza saa ngapi.

Bi Zakiya, wenzako wote tunakushukuru. Mwenyezi Mungu akupe afya, na siku zako zilizo mbele ziwe za heri. Bi Shatha, anayeshika nafasi yako, ameagizwa asome kila neno kama lilivyoandikwa, isipokuwa akifika kwenye mtungi.