Renatus wa Magongo

Pale Magongo, njia ya malori inapokaribiana na reli, palikuwa na taruma moja kuukuu la reli lililolazwa juu ya mawe mawili. Nani alilileta, hakuna aliyethubutu kuuliza. Vita vikuu vilikuwa vimekwisha mwaka uliotangulia, sukari ingali ya kadi, na wanaume waliotoka kazini saa tisa hawakuwa na pa kupumzisha viuno ila hapo. Mwinyi Dele, muuza kahawa aliyehamia bara kutoka kisiwani kwa sababu ambayo kila siku aliisimulia vingine, alitua jiko lake la makaa kando ya taruma, akagonganisha vikombe viwili, kisha akangoja maneno yaanze. Na maneno hayakuwa na kawaida ya kukawia. Lakini siku hiyo Kitsao alikaa kwenye ncha ya taruma, kahawa imempoa mkononi, na karatasi imekunjwa mara nne ndani ya mfuko wa shati. Alikuwa kuli wa bandarini, mtu wa kubeba gunia la buni bila kuguna, ila karatasi ile ilikuwa imemlemea siku tisa.

— Hebu itoe tuione tena, akasema Erastus.

Erastus alikuwa tarishi katika ofisi ya reli. Kwa kuwa alibeba barua kutwa, alidhani anayajua yote yaliyomo, ndipo wakamwita Gazeti.

— Uione mara ngapi? Kitsao akauliza. Renatus. Jana ilikuwa Renatus, leo ni Renatus. Herufi zote zipo, maana ndiyo haipo.

— Na mama yako yuwaja lini? akauliza Mwinyi Dele.

— Leo. Kwa gari moshi la kutoka Mazeras.

Jambo lenyewe walilijua. Kwao Kitsao, mjukuu wa kwanza wa kiume huchukua jina la babu yake, na babu akiwa amekufa ndiyo zaidi. Babake, mzee Ruwa, alifariki msimu wa kupalilia, na neno lake la mwisho kwa mwanawe lilikuwa, "Siendi mbali. Nitarudi kwako." Kitsao alimshika mkono akaahidi kumpa mjukuu jina lake. Kisha mtoto akazaliwa kwenye zahanati ya misheni siku ambayo yeye alikuwa zamu mbili mfululizo, akipakua meli ya saruji, na alipofika, vumbi tupu mwili mzima, alipewa cheti cha ubatizo chenye jina ambalo hata ulimi wake ulilikataa. Leo Mbeyu, mamake Kitsao, anakuja kumpokea mjukuu mikononi na kumwita jina mlangoni. Asipomwita, mtoto atakuwa hajafika nyumbani.

— Mimi najua, akasema Gazeti. Renatus alikuwa mkuu wa posta wa Kaisari.

— Wapi hiyo?

— Roma! Nyaraka zote za mitume unafikiri zilikwenda kwa miguu yao? Renatus alizibeba. Tarishi mkuu, farasi kumi na mbili, kofia yenye shaba. Mwambie mama hivyo, atafurahi.

— Mama hapendi barua, akasema Kitsao. Barua ya mwisho aliyoletewa ilikuwa ya kodi ya kibanda.

Hapo Kazungu akakohoa. Kazungu alikuwa askari, na kwa kuwa hadithi zake zote, hata zilizoanzia sokoni, ziliishia vitani Burma, aliitwa Bama.

— Gazeti unaota. Renatus nimemwona mimi kwa macho haya. Abisinia. Kapteni wa Kitaliani. Tulimkuta ndani ya pipa la unga, yeye na mpishi wake na kuku watatu.

— Ulijuaje jina lake?

— Kuku walikuwa wakimwita.

— Bama!

— Basi mpishi. Ila kuku walikuwepo.

— Mnanitafutia mwanangu jina la mtu wa kwenye pipa? Kitsao akafoka. Babangu hakujificha hata na simba.

— Ngoja, usipandwe na mori, akasema Mwinyi Dele, huku akimimina. Nyote hamjui. Wallahi jina hilo ni letu, wazungu walilichukua wakaliharibu. Huyo alikuwa tajiri wa buni kutoka Yamani. Ndiye aliyepeleka kahawa Roma. Kaisari alipoinywa hakulala siku saba, na katika siku hizo saba akaiteka dunia.

— Na mizinga ya kuitekea dunia ilivutwa na nani? akadakia Bama. Renatus! Sasa nimekumbuka vizuri. Yule wa kwenye pipa alikuwa mjukuu wake.

— Na habari ya kutekwa dunia ilitangazwa na nani? akauliza Gazeti. Unaona sasa? Posta!

Kitsao aliwatazama mmoja mmoja. Tarishi amempata tarishi, askari amempata askari, na muuza kahawa amempata muuza kahawa. Kama wangekuwapo watu wawili zaidi, Renatus angeshona viatu na kunyoa ndevu. Alitaka kucheka, lakini akilini alimwona mamake akishuka kwenye gari na kikapu chake, amekuja kumpokea mzee Ruwa mikononi, apewe tajiri wa Yamani.

— Nifanyeje, jamani? akasema. Nambieni la kufanya, si la kucheka.

— Wahenga walisema, usipoziba ufa utajenga ukuta, akasema Bama. Basi ujenge huo ukuta mapema, mama asipite.

— La, akasema Gazeti. Bandu bandu huisha gogo. Likate jina kidogo kidogo. Leo Renatu, kesho Rena, kufika Krismasi limekwisha, unaweka la mzee.

— Na cheti je? Padre amekwisha liandika kwenye kitabu.

— Mgeni njoo, mwenyeji apone, akasema Mwinyi Dele kwa sauti ya kuhitimisha. Jina ni geni, basi nyinyi wenyeji hamtaugua homa mwaka huu. Mwambie hivyo.

— Na mkeo Florence je? Gazeti akauliza ghafla. Hana la kusema?

Kitsao akageuza uso.

— Mimi na Florence hatujazungumza sana.

Mlango wa chumba alimokuwa Florence ulionekana kutoka pale, hatua thelathini hivi, umening'inizwa kanga mahali pa pazia. Alikuwa ndani kwa uzazi, na kwa desturi wanaume hawavuki kizingiti mpaka siku zake ziishe. Mume husemea nje, mke hujibu ndani. Siku ile ya kwanza Kitsao alisimama nyuma ya kanga na karatasi mkononi, akauliza, "Jina la babangu umelipeleka wapi?" Florence akajibu, "Ngoja nikwambie." Naye akasema, "Sitaki kuambiwa." Akamsikia akilia. Tangu hapo alikuwa akilala kwa Bama, akituma samaki na unga, wala hakurudi kuuliza. Mwanamume mzima, alijiambia, hamuulizi mkewe jina la mwanawe. Alijua kuwa ni neno la kipumbavu, lakini alilishikilia.

Gari moshi likapiga honi upande wa Miritini.

— Huyo, akasema Bama, akasimama wima kana kwamba anakaguliwa.

Haikupita nusu saa, akatokea Mbeyu. Mfupi, mkavu, hando lake la marinda likicheza kiunoni, kikapu kichwani na jogoo mweupe kwapani. Wanaume wakalihama taruma lote ili akae mtu mmoja.

— Shikamoo, mama, Kitsao akasema.

— Marahaba. Umekonda. Mume wangu yuko wapi?

Kwao nyanya humwita mjukuu wa kiume mume wake, na asiyejua utani huo husituka. Kitsao hakusituka, aliumia.

— Yuko ndani, mama. Lakini kuna jambo. Amekwisha batizwa. Ana jina.

— Jina si analo tangu kabla hajazaliwa?

— Jingine. Anaitwa Renatus.

Mbeyu akamkabidhi Bama jogoo. Akavuta pumzi.

— Katika ukoo wetu nani aliitwa hivyo?

— Hakuna.

— Katika ukoo wa mkeo?

— Hakuna, mama.

— Basi ni nani huyo?

Hapo ndipo watatu wale walipompa yote kwa pamoja, farasi kumi na mbili, pipa la unga, buni ya Yamani na Kaisari asiyelala. Bama alionyesha kwa mikono jinsi mzinga unavyovutwa, jogoo akampapatikia usoni. Mbeyu aliwasikiliza mpaka wakaishiwa pumzi. Kisha akauliza taratibu, kama mtu anayeulizia kisima kiko wapi:

— Na mamake mtoto asemaje?

Gazeti akatazama viatu vyake. Bama akamtazama jogoo. Mwinyi Dele akainua dele lake la kahawa kumjazia mtu kikombe, likatoa tone moja na machicha.

— Kahawa imekwisha, akasema.

— Nimeuliza, asemaje?

— Sijamuuliza, mama, Kitsao akasema.

— Siku ngapi?

— Tisa.

— Naye yuko wapi?

Kitsao akaelekeza kidole kwenye kanga. Mbeyu akaupima umbali kwa macho.

— Mmefika Roma, akasema. Mmefika Abisinia na Yamani. Mlango ule ukawashinda.

Akanyanyuka akaenda. Kanga ikainuka, ikaanguka. Hakuna aliyeketi. Kitsao alisikia sauti mbili za wanawake, ya mkewe ikiwa chini, ya mamake ikikatiza kwa swali moja moja. Aliona aibu ikimpanda kutoka miguuni. Kama angeweza kubeba maneno mgongoni kama gunia, angeyarudisha yale ya siku ya kwanza mpaka bandarini na kuyatosa.

Ndipo kigelegele kikapasua Magongo. Kimoja, kirefu, cha mtu asiye na meno ila mwenye pumzi nyingi. Kikafuata kingine. Wanawake wa jirani, wasiojua hata kilichotokea, wakadakia kutoka jikoni mwao.

Mbeyu akatoka hadi kizingitini, mtoto mikononi. Alikuwa amempokea! Kitsao aliona kwanza hilo.

— Sogeeni, wanavyuoni, akasema Mbeyu. Florence, mwanangu, sema wasikie. Sema yote, usiwafichie aibu yao.

Sauti ya Florence ikatoka nyuma ya kanga, nyembamba lakini thabiti.

— Mtoto alizaliwa kimya. Hakulia. Sista alimpangusa, akampigapiga, akampulizia pumzi mdomoni, wapi. Akaniambia, tumbatize upesi kabla hajatutoka, mwataka aitwe nani? Nikamwambia, Ruwa. Akauliza Ruwa ni nani, nikamwambia ni babu yake aliyekufa, aliahidi atarudi kwetu, na huyu ndiye yeye. Nikamwambia, Sista, kama huyu akienda, mzee atakuwa amekufa mara mbili.

Kitsao akajishika kifua. Mkewe alilipigania jina lile peke yake, kitandani, na yeye alikuja kumuuliza amelipeleka wapi.

— Akafikiri kidogo, Florence akaendelea. Akasema, kuna mtoto wa zamani huko Ulaya, husimuliwa alikufa hajabatizwa, na askofu akamwombea kaburini mpaka akainuka. Wakamwita Renatus. Kwa Kilatini, lugha ya mapadre, maana yake ni aliyezaliwa tena. Akaniuliza, hilo si ndilo unalotaka kusema? Nikamwambia ndilo. Akamtia maji utosini. Maji ya pili akalia. Alilia, Kitsao, mpaka wagonjwa wa chumba cha pili wakapiga makofi.

Bama, aliyevuka mito ya Burma chini ya risasi, alikuwa akijipangusa macho kwa bawa la jogoo.

— Mmesikia? akasema Mbeyu. Sisi humrudisha mzee kwa kumpa mtoto jina lake. Hawa wa misheni wamesema jambo lile lile, kwa mdomo wao. Basi atakuwa na majina yote mawili. Mbeyu akamwinua mtoto juu, jua la alasiri likampiga usoni, naye akakunja kipaji cha uso vile vile alivyokuwa akikikunja marehemu. — Mulume wangu! Umekawia njiani, lakini umerudi. Na umenikuta sina meno, shauri lako!

Kicheko kikalipuka mpaka watu wa upande wa pili wa reli wakageuka.

— Kitsao! Mwite babako aingie nyumbani.

Kitsao akajaza kifua. Sauti iliyozoea kupigia kelele winchi za bandarini ikatoka yote, hakubakiza.

— Ruwa! Renatus Ruwa! Karibu kwako!

Mtoto akaitika kwa kilio kikali, na Kitsao hakuwahi kusikia sauti njema kuliko ile. Vigelegele vikaanza upya. Mwinyi Dele akaanza kupepea makaa, akitia maji mapya bila kuulizwa. Gazeti alikuwa tayari anawaambia wapita njia kwamba yeye tangu mwanzo alisema jina lile lina habari njema ndani yake, na Bama akaapa kuwa hata yule wa kwenye pipa, alipotolewa, alikuwa kama aliyezaliwa tena.

Kitsao hakuwasikiliza. Alikwenda mpaka kwenye kanga, akaketi kitako nje ya kizingiti, kama desturi inavyotaka.

— Florence, akasema kwa sauti ya chini. Siku ile ulisema ningoje uniambie. Nilikosa mimi. Nimekuja kuambiwa.

Mkono ukatoka chini ya kanga, ukampa kigoda.

— Kalia hicho, Florence akasema. Habari yenyewe ni ndefu, nami nitaanzia mwanzo.