Moto wa Bibi Mamotlatsi Khoabane, 1949–2023

"Moto wangu hautazimika kabla yangu." Marehemu aliyasema hayo mbele ya chifu na kijiji kizima cha Ha Khoabane, wakati wa theluji kubwa ya mwaka 1987. Hakuna aliyembishia, maana nusu ya waliokuwepo walikuwa wameomba kaa la moto kwake asubuhi hiyo.

Alizaliwa tarehe 9 Juni 1949 katika milima ya Mokhotlong, Lesotho, akaitwa Puseletso; Mamotlatsi, yaani mama wa Motlatsi, ni jina la ukubwani. Shuleni kila mtoto alitakiwa kuja na bamba moja la samadi kavu la kuwashia moto. Yeye alikuja na mawili, akakaa mbele. Aliacha masomo darasa la tano, mama yake alipofariki. Nafasi ile ya karibu na moto, alisema, ndiyo cheti chake.

Mwaka 1968 aliolewa na marehemu Tsietsi Khoabane, mchimba migodi aliyeonekana nyumbani Krismasi tu. Zizi likawa kazi ya mkewe. Kila Septemba alikata samadi iliyokanyagwa na kondoo, akaianika ukutani. Moshi wake uliwaliza wageni. "Fungua mlango, ukalie nje," aliwaambia. Moshi ukizidi alifungua, hata theluji ikianguka.

Agosti 2021 wezi waliswaga kondoo wote. Zizi likabaki tupu, na marehemu, aliyegawia watu moto maisha yake yote, akaanza kupokea samadi ya majirani huku ameinamisha uso. Juni mwaka huu watoto wake walichanga, na kifunguamimba wake, Motlatsi, akampandishia gunia la makaa ya mawe kwa punda.

"Yawashe nje, mama. Yakishaiva unayaingiza. Hayatoi moshi."

"Moto usio na moshi ni kama mume asiyekoroma. Utajuaje kama yupo?"

"Utasikia joto."

Zaidi ya hapo hakuna aliyemwambia kitu.

Marehemu hakuugua. Usiku wa tarehe 11 Julai theluji ilianguka, na kwa kuwa macho hayakumwasha, hakuona sababu ya kufungua mlango. Upenyo wa chini aliuziba kwa blanketi lake la harusi. Sumu ya makaa haina harufu. Asubuhi jirani yake Malitaba alikuja kuomba kaa, akabisha, akasukuma mlango. Marehemu alikuwa ameshapoa. Makaa yalikuwa bado mekundu.

Ameacha watoto wawili, Motlatsi na Lineo, wajukuu watano, na Malitaba, ambaye tangu siku hiyo habishi hodi kwa mtu, anasukuma mlango tu.

Alale kwa amani, mlango wake ukiwa wazi.

Gunia lile lilinunuliwa maloti mia moja na tisini.