Kijiko cha Gerwin Ostendarp

Wapendwa majirani, ndugu na jamaa mliotoka mbali, mimi Imke, binti yake wa kwanza, nimepewa na familia heshima ya kuwasomea maisha ya baba yetu, Gerwin Ostendarp, na mniwie radhi nikisoma kwa majivuno, kwa sababu baba alishinda.

Alizaliwa tarehe 9 Februari 1939 hapa Ditzum, mtoto wa tatu wa mfyatua matofali, akasoma shule ya kijiji hadi mwaka 1953, kisha akaingia kiwandani kwa baba yake, na huko ndiko alikoanza kuandika michezo ya redio, wenzake wakimwita Profesa wa Udongo.

Tarehe 20 Mei 1966 alifunga ndoa na mama yetu, Theda, katika kanisa hili hili, wakajaliwa mimi na mdogo wangu Hauke. Kila alichoandika aliwasomea majirani mezani kwetu wakinywa chai, na kama mjuavyo, kwetu aliyetosheka hutia kijiko ndani ya kikombe, la sivyo ataendelea kumiminiwa, basi baba akisikia kijiko kimelia kabla hajafika mwisho, ukurasa ule aliutia jikoni ukaungua, wala hakubishana na mtu.

Mwaka 1971 aliacha kiwanda na kuandika filamu yake ya kwanza ya televisheni, kuhusu mjane anayekataa kuuza nyumba yake kando ya tuta la bahari, lakini kituo kilitaka mjane auze, ama sivyo filamu ifutwe, na baba arudi kwenye matofali mbele ya wale wale waliomcheka. Tarehe 6 Machi 1972 akatumwa Bwana Kalkbrenner, mtu wa Munich, kuja kumlainisha, baba akaanza kusoma, mama akamimina, na mgeni, asiyejua habari za kijiko na anayeona haya kuacha kikombe kimejaa, akanywa na kunywa huku mama akimtania, "Kunywa, mwanangu, kwani huko kwenu chai mnaionea wapi?", mpaka kurasa zikaisha. Aliinuka macho mekundu, akasema, "Mama, tumbo limejaa pomoni, lakini huyo mjane asiuze, na mtu asimguse!"

Filamu ilionyeshwa tarehe 12 Novemba mwaka huo, kiwanda kizima kikajazana baa kuitazama, na hapo jina la Profesa likawa la heshima. Aliandika filamu na tamthilia hadi alipostaafu mwaka 2004, na ingawa mijini wachache wanamjua, hapa hakuna asiyemjua mjane wake.

Mapafu yalianza kumsumbua Agosti, akafariki nyumbani Jumapili, tarehe 3 Novemba 2019. Tunamshukuru Daktari Smidt na wauguzi wake, majirani mliokesha nasi, wafyatua matofali wenzake, na wote aliofanya nao kazi ya filamu.

Jumamosi, siku moja kabla, nilimsomea historia hii, ikiwa na pengo la tarehe moja tu, naye chai mkononi, nami sikuondoa jicho kwenye kijiko, kikatulia kwenye kisahani hadi neno la mwisho, ndipo alipokichukua mwenyewe, akakitia ndani ya kikombe, akacheka. Umetosheka, baba, lala salama.