Viatu Chini ya Kitanda: Bi Mahali Pake Anastaafu

Baada ya miaka thelathini na sita katika stoo ya vifaa ya Nyumba ya Kumbukizi, mpangaji wetu mkuu wa vitu anastaafu rasmi tarehe 30 mwezi huu. Jina lake halisi limo kwenye mafaili. Sisi tunamwita Bi Mahali Pake, kwa sababu hakuna aliyefanya kazi naye wiki moja asiambiwe mara mia kwamba kila kitu kikae mahali pake. Mimi nimeambiwa kwa miaka kumi na moja, na mpaka leo kikombe changu cha chai yeye hukihamisha nikigeuka tu.

Kwa wageni watakaosoma kijarida hiki: kila mwaka mji wetu huigiza Siku ya Mto, siku ambayo maji yalibeba Mtaa wa Chini, miaka hamsini na sita iliyopita. Vitu vyote elfu moja mia moja na kumi na vinne vikipangwa kama vilivyokuwa asubuhi ile, siku yenyewe huamka. Kuta zilizobomoka husimama tena, harufu ya mkate hurudi, na sura na sauti za waliokuwapo huwashukia waigizaji kwa dakika arobaini. Kitu kikikosewa, siku huamka vibaya, au tunabaki na waigizaji waliovaa nguo za zamani, wanatokwa jasho bure.

Aliajiriwa kukunja mashuka. Mwaka wake wa tatu siku iliamka mvua ikinyesha ndani ya nyumba zote, na wakubwa wakaumiza vichwa mwezi mzima kutafuta sababu. Yeye aliingia, akageuza mpini wa ndoo ya fundi viatu, akarudi kwenye mashuka yake. Wiki iliyofuata akapandishwa cheo. Yeye ndiye aliyemwambia mkurugenzi mpya, aliyejikalia kigodani katikati ya maandalizi, “Hicho kina mwenyewe, na anakuja saa nne.” Mkurugenzi aliinuka mbio, na hajakaa tena wakati wa maandalizi.

Wengi hawakujua kilichomleta kazini. Asubuhi ile ya mto alikuwa na miaka minne. Mama yake alimteremsha ngazi peku, akamkabidhi kwa bibi jirani, akasema, “Mama, nishikie mtoto. Nachukua viatu vyake, narudi sasa hivi.” Bibi akamjibu, “Wahi, mwanangu.” Akapanda. Hakurudi.

Kanuni zetu hazimruhusu mfanyakazi wa stoo kukanyaga siku iliyoamka. Kwa hiyo kila mwaka Bi Mahali Pake alisimama nyuma ya pazia na kuisikiliza sauti ya mama yake. Na kila mwaka, kabla ya hapo, ni yeye aliyeviweka vile viatu chini ya kitanda ghorofani, cha kushoto kikielekea ukutani.

Kosa lake ni moja tu, na ameniruhusu kuliandika. Mwaka wake wa tisa aliviweka viatu mlangoni, chini ya ngazi. Siku iliamka vizuri. Mama alishuka, akaviona, akamvalisha mtoto, akafunga kamba. Kisha akabaki amesimama, mikono mitupu, hajui aende wapi. Sura ikamtoka taratibu, na pale mlangoni akabaki mwenzetu wa idara ya ushonaji, analia bila kujua analilia nini. Bi Mahali Pake alipewa barua ya onyo, akaipokea kwa mikono miwili na kuiweka kwenye faili mwenyewe. Mwaka uliofuata viatu vilirudi chini ya kitanda. Aliniambia kwamba kuviweka kule ndiyo namna pekee ya mama yake kuja, na kwamba mazoea hayajampunguzia uzito wa jambo hilo hata kidogo. Nikaenda kupanga vikombe.

Sasa zipo habari njema. Mwigizaji wa bibi jirani ameshindwa na magoti, na nafasi ile inataka mtu wa miaka sitini au zaidi, asiye mfanyakazi wa stoo. Siku ya Mto ni wiki tatu baada ya kustaafu kwake. Sote tulitia saini barua ya kumwombea nafasi hiyo, na mkurugenzi ameipitisha, amesimama.

Bi Mahali Pake, asante kwa kazi, kwa ukali, na kwa kila kikombe ulichohamisha. Viatu nitaviweka mimi, cha kushoto ukutani, kama ulivyonifundisha. Safari hii hutakuwa nyuma ya pazia. Mama yako atashuka, atakutazama usoni, atakuita Mama na kukuomba umshikie mtoto. Tumekusikia stoo, ukidhani umejifungia peke yako, ukifanyia mazoezi maneno yako mawili. Tunakuombea mapumziko mema na umri mrefu, na siku hiyo ikifika, sauti yako itoke.