Vimkate vya Mama Mkwe

Benchi letu lina miguu mitatu na tofali moja, nje ya duka la kinyozi, na asubuhi hiyo katikati yake lilikaa trei. Kinyozi alikuwa ameoka vimkate vya jibini kwa wanga wa muhogo. Mama mkwe wake anakuja saa kumi, na mama huyo alishasema mbele ya ukoo mzima kwamba mkwewe anajua kunyoa tu. Vimkate vilitakiwa vivimbe. Vimelala bapa kama vifungo vya koti. Kinyozi alikaribia kulia; sisi tulikuwa na kahawa.

— Vilivimba, wallahi! Nikafungua oveni, vikanywea.

— Ulifungua mara ngapi? akauliza Fundi Saa, akichukua kimoja kwa uchunguzi.

— Kila dakika mbili. Kwani mteja humwonyeshi kioo?

— Umeviaibisha. Kitu kikivimba hakipendi kutazamwa.

Wakili, tunayemwita hivyo kwa kuwa hajawahi kushinda ubishi, akachovya cha pili kwenye kahawa.

— Kosa ni muhogo. Ngano inalelewa na hamira, huu umelelewa na nani? Asiyefunzwa na mamaye hufunzwa na ulimwengu.

— Hamira haimo! Unamwagia wanga maziwa na mafuta yanayochemka, unatia mayai na jibini, unakanda, basi.

— Unamuunguza yatima, halafu unashangaa kanuna!

Mimi nikasema ni jibini, chumvi yake nzito imekalia unga. Nikala kimoja kuthibitisha. Nje kigumu kidogo, ndani kinavutika. Kilikuwa kitamu mno, ila nilinyamaza nisivuruge uchunguzi.

— Ni dunia, akasema Fundi Saa, mdomo umejaa. Inazunguka. Oveni ikielekea mashariki, unga unapata kizunguzungu.

— Oveni yangu inaelekea chooni.

— Ndiyo hiyo hiyo!

— Jamani, mama anakuja! Nipeni dawa!

— Tulia, akasema Wakili, akichovya tena. Chovya chovya humaliza buyu la asali. Yaani ukichovya sana, tatizo linaisha.

Likaisha kweli. Teksi ikasimama, akashuka mama mmoja na begi lake. Kinyozi akaruka wima.

— Shikamoo, mama!

— Marahaba, mwanangu. Nimewahi. Binti yangu kaniambia umenipikia kwa mikono yako, nikashindwa kusubiri saa kumi. Viko wapi?

Kwenye trei palikuwa na chenga tatu. Wakili akachungulia kikombe chake. Kilichovimba asubuhi ile kilikuwa kimoja tu, shavu la Fundi Saa, na mama alikuwa akilitazama.