Machozi Ambayo Hayakuaminiwa

Marehemu baba yetu, ambaye wengi wenu mlimwita Bwana Machozi, alizaliwa tarehe 9 Aprili 1957, mtoto wa nne wa fundi cherehani na mkunga. Alimaliza sekondari mwaka 1975, ingawa hesabu hazikumpanda kabisa. Alichojua ni kulia. Akiitwa kuchapwa, alifika kwa mwalimu kola imeshalowa, na fimbo ikarudishwa kabatini.

Mwaka 1979 alianza michezo ya redio, kisha tamthilia za televisheni, akicheza waume wakosaji wanaorudi nyumbani kuomba radhi. Tarehe 18 Desemba 1983 alimuoa mama yetu, mshonaji wa mavazi ya waigizaji. Mama alizoea kumtania: "We baba, ukilia hapa nyumbani nani atakuamini?"

Mwaka 2009 alihamia kwenye makala za vyakula za televisheni. Kazi yake ilikuwa kuingia majikoni mwa watu, kuonja na kusifu. Tonge moja hupigwa picha mara nyingi, basi nyuma ya nyumba huwekwa ndoo ya kutemea: alitafuna, akasifu, kamera ikizimwa akatema. Siku moja mama mpishi, aliyeamka alfajiri kupika maharage yake, alitoka kuchota maji akamkuta ameinamia ndoo.

"Baba, kama hakikukupendeza si ungesema tu?" Akainua sufuria yake, akaingia ndani.

Kesho yake marehemu alirudi peke yake, akapiga magoti mlangoni, akalia kwelikweli. Yule mama alishika kitasa.

"Hayo machozi nayajua. Juzi niliyaona kwenye televisheni, mbele ya mke wa kuigiza." Akafunga mlango.

Baba aliacha makala zile. Zikirudiwa kuonyeshwa, alitoka sebuleni akasimama uani mpaka ziishe. Tulipomwambia ni jambo dogo, alijibu, "Dogo kwenu. Mimi nimetema jasho la mtu." Aibu ile ilimkaa rohoni miaka yote iliyobaki, na hakuna hata mmoja wetu aliyeweza kumwondolea.

Februari 2022 aligundulika kuwa na saratani ya koo. Alipolazwa mara ya mwisho, mama yetu alimfuata yule mpishi bila kumwambia mgonjwa. Mpishi alikuja na maharage aliyoyaponda laini. Baba alipomwona alijifunika shuka usoni. Mpishi akaliteremsha polepole, akamlisha kijiko kimoja. Koo lilikataa, chakula kikarudi mpaka kidevuni. Baba aliona haya hata chozi likamkauka. Yule mama akamfuta kwa kiganja chake.

"Tulia, baba. Leo nimekuamini."

Alifariki tarehe 3 Juni 2022, asubuhi. Ameacha mjane, mabinti wawili, mwana mmoja na wajukuu watano. Mpishi wake amekaa hapa nasi, kwenye safu ya wafiwa, kwa kuwa mwenyewe alikataa kukaa na wageni.

Aibu yake ameitua. Naye apumzike.